Mwalimu Severini Mosi na Hoja Iliyobaki Imesimama

Padre, Bwana Akida, wazee wa ukoo, watani wetu, na ninyi wanafunzi wake mliopanda mlima huu na njaa: poleni. Tumechoka sote. Mwaka huu wa vita tumezika hata majembe hayapati kukauka, kwa hiyo sitasema marefu. Mimi ni Kibwana, mpwa wa marehemu, mtoto wa dada yake Asha, na kwa desturi yetu Waluguru mpwa ndiye humsimamia mjomba. Karatasi ninayosoma nimepewa na Noorali, mwenye duka mjini Morogoro. Ilikuwa ya kufungia sukari, na sukari yenyewe imeshakuwa hadithi.

Marehemu alizaliwa katika milima hii, juu ya Mlali, mwaka unaokadiriwa kuwa 1872. Alikuwa mtoto wa kwanza, ndiyo maana akaitwa Mosi. Alilelewa na mjomba wake, ambaye alikuwa mndewa, yaani mkuu wa ukoo aliyetunza ardhi yetu na kuwagawia watu mashamba, wala hakuwa na ruhusa ya kuuza hata upenyo wa kupitisha mbuzi. Watu walipokuja kumshukuru kwa shamba, mzee alikuwa akiwajibu, “Msinishukuru mimi. Si yangu, nimeshikishwa tu.” Maneno hayo yaliingia masikioni mwa mtoto Mosi kabla ya a, e, i, o, u.

Mwaka 1884 alipelekwa shule ya misheni ya Morogoro, na Pasaka ya mwaka 1886 alibatizwa jina la Severini. Mwaka 1889 aliteremka kwa miguu hadi Bagamoyo kuendelea na masomo ya juu. Huko alijifunza Kilatini, hesabu, na elimu ya kupambanua haki na wajibu. Alitaka kuwa padre. Aliambiwa asubiri, akasubiri, akaambiwa tena asubiri, hadi mwaka 1896 alipoomba arudishwe nyumbani. Hakuwalaumu waliomsubirisha. Alisema tu kwamba mlimani kuna watu wengi wa kufundisha, na yeye anaanza kupata mvi.

Tarehe 8 Mei 1898 alifunga ndoa na Furaha, huyu mjane tuliye naye hapa. Mwaka wao wa kwanza walibishana kuhusu maharage. Marehemu alitaka yapandwe kabla ya mvua, akatoa na sababu, moja baada ya nyingine, kama yuko darasani. Mkewe alichimba tu udongo, akamwekea kiganjani, akamwambia, “Mume wangu, mbegu haili maneno.” Mwalimu aliunyanyua mkono wake juu, palepale shambani, majirani wakitazama, akasema kwa sauti, “Nimeshindwa.” Hivyo ndivyo alivyokuwa. Hoja ikiwa nzuri, alishindwa mchana kweupe, na alifurahi.

Mwaka 1899 aliitwa kufundisha darasa la juu katika chuo cha misheni hapa mlimani, chuo cha kuwaandaa walimu wa dini. Kazi yake aliyoipenda ilikuwa ya Jumamosi. Kila wiki mtu mmoja alisimama mbele akaweka hoja na kuitetea, kisha akauliza mara tatu, “Nani anakana?” Aliyekana alisimama akatoa sababu. Ikiwa hakuna aliyekana, hoja ilihesabiwa imesimama, na aliyeiweka hakuruhusiwa kuikana mwenyewe. Lazima akanwe na mwingine, mbele za watu. Mtani wetu Hidaya, ambaye naona anajiandaa kunikatiza, alikuwa akisema, “Huyu mtu hata kifo kikija atakiambia, thibitisha kwanza!”

Ilikuwa Jumamosi kama hizo alipofundisha kwamba mamlaka hutoka kwa Mungu kwa ajili ya manufaa ya watu wote. Mtawala, alisema, ni kama mndewa: si yake, ameshikishwa tu. Amri isiyo ya haki haiwezi kuifunga dhamiri ya mtu. Mapadre waliyafundisha hayo kwa Kilatini, na kwa Kilatini hayakumsumbua mtu. Yeye aliyafundisha kwa mfano wa mjomba wake, na kila mtu aliuelewa.

Mwishoni mwa mwaka 1905, vita vya maji vikiwa vinawaka kusini, watu wa Mlali walikuwa wakisukumwa barabarani kufanya kazi ya boma msimu wa kulima. Baadhi yao wakamwambia Akida, “Umeshikishwa tu.” Walichapwa viboko, na boma likauliza wameyatoa wapi maneno hayo. Haikuchukua muda kujua. Amri ikapanda mlimani: mwalimu ayarekebishe mafundisho yake mbele ya wanafunzi, Akida akiwa ameketi anasikiliza, la sivyo chuo kifungwe.

Jumamosi ya tarehe 20 Januari 1906 marehemu alisimama mbele ya darasa lake akaweka hoja kwamba kila mwenye nguvu amewekwa na Mungu na amri yake haiulizwi. Aliitetea vizuri, kwa maana hakujua kufanya kazi vibaya. Kisha akauliza, “Nani anakana?” Kimya. Akauliza tena. Akauliza mara ya tatu. Vijana aliowalea kwa kubisha waliangalia vidole vya miguu yao. Akida akaridhika, chuo hakikufungwa, na jioni mwalimu alimwambia mkewe, “Nimewafundisha kunyamaza, na wamefaulu.”

Hakurudi tena darasa la juu. Aliomba kufundisha watoto wadogo herufi, na hiyo ndiyo kazi aliyoifanya hadi mwisho. Wapo waliosema amekuwa mvivu. Hakuwa mvivu, alichoka, na kuchoka kwake nilikuona mimi niliyekuwa nikija kumwona kila baada ya mavuno. Mwanafunzi wake wa zamani akipita njiani na kumwamkia, “Shikamoo, Mwalimu,” aliitika marahaba, kisha akabaki akimtazama usoni kana kwamba kuna neno lingine linakuja. Halikuja. Iliniuma sana kumwona akigeuka kurudi ndani.

Mwezi wa Februari mwaka huu kifua kilimshika, na homa ikafuata. Dawa za misheni zilikuwa zimeisha kwa ajili ya vita. Mwezi huu wa Juni alikuja kumwona Fransisko, ambaye sasa ndiye anayefundisha darasa la juu. Nilikuwapo. Fransisko alipiga magoti kando ya kitanda akasema, “Mwalimu, siku ile tulipatana asubuhi jikoni, mtu asifungue mdomo. Majibu tulikuwa nayo.”

“Sasa mlinyamaza kwa nini?”

“Tulikujua. Tungekukana, ungenyanyua mkono ukasema umeshindwa, na Akida ameketi pale. Wangekufunga.”

Mjomba alicheka hadi kikohozi kikamkamata. “Yaani mimi nawaficha ninyi chuo kisifungwe, ninyi mnanificha mimi nisifungwe. Na miaka yote hii hakuna aliyeniambia!”

“Tuliona aibu, Mwalimu. Basi nikane sasa?”

“Si hapa kitandani. Niliiweka mbele za watu, ikanwe mbele za watu. Jumamosi mtanibeba hadi chuoni.”

Alipoona hali inazidi, aliniita akaniambia, kama hatafika, niulize mimi kwa niaba yake. Nilimwambia, “Mjomba, mimi ni Mwislamu, hayo ya darasani kwenu siyajui.” Akanijibu, “Kuuliza hakuna dini.”

Alifariki Alhamisi, tarehe 17 Juni 1915, alfajiri, akiwa amepakwa mafuta matakatifu. Ameacha mjane, Furaha. Watoto watatu, Yunusi aliyechukuliwa upagazi wa vita na hatujui yuko wapi, Rashida na Salum. Dada yake Asha wa Mikese. Na wapwa, watani na wanafunzi wengi. Tunamshukuru Bwana Akida Ahmadi kwa kutoa sanda. Siku ile pia ulikuwapo, Bwana Akida, kwa hiyo utaratibu wa Jumamosi unaujua.

Leo ni Jumamosi. Mjomba yuko mbele yetu, na hoja yake bado imesimama, na yeye hana ruhusa ya kuikana. Najua nyakati ni mbaya, najua wanaohitajika upagazi huchaguliwa na nani. Atakayenyamaza sitamlaumu, maana mara ya kwanza mlinyamaza kwa upendo. Ila safari hii hakuna wa kumficha. Hawezi tena kufungwa.

Basi, kabla udongo haujarudi, nauliza kwa niaba ya Mwalimu Severini Mosi.

Nani anakana?

Nani anakana?

Nauliza mara ya tatu, kisha ninakunja karatasi hii na kumsubiri atakayesimama, ili mjomba anyanyue mkono wake huko aliko, na apumzike kwa amani.