Kanali Thursby na Lango la Marstowe

Kasisi, ndugu, na majirani mliosimama hata nje kwenye manyunyu, familia imenituma mimi, Giles, mwanawe wa pili, niwasomee maisha ya baba yetu, Kanali Roderick Amyas Thursby, naye aliagiza nisome kwa ufupi kwa sababu ugumu wa viti vya kanisa hili aliujua.

Marehemu alizaliwa tarehe 11 Machi 1921 katika jumba la Marstowe, Herefordshire, mtoto wa pekee wa Bwana Everard na Bi Maud Thursby, akapelekwa shule ya bweni akiwa na miaka minane, ambako, kwa maneno yake mwenyewe, alijifunza Kilatini, kriketi na kula chochote, na ni hilo la mwisho tu lililomfaa jeshini.

Alijiunga na jeshi mwaka 1940, akapigana Afrika Kaskazini, kisha Italia, ambako alijeruhiwa mguu Mei 1944, na tulipomuuliza habari za vita alitusimulia punda aliyembeba, kamwe si wenzake aliowazika, ingawa kila Novemba alisimama bila kofia mbele ya mnara wa majina yao, mvua inyeshe isinyeshe.

Tarehe 18 Juni 1949 alimwoa mama yetu, Cicely Dunne, katika kanisa hili hili, wakajaliwa dada yangu Hester, na mimi, na mbwa wengi waliolala pazuri kuliko sisi.

Alistaafu mwaka 1958, akarithi shamba, na pamoja na shamba, lango. Njia ya mkato ya kutoka kijijini kuja kanisani na shuleni hupita kwetu, na njia ikipitwa miaka ishirini mfululizo bila kuzuiwa kisheria huwa ya watu wote, kwa hiyo babu, akiwa mahututi, alimwapisha baba alifunge lango kutwa nzima kila tarehe 6 Desemba. Bi Edith Pruett, mwoka mikate wetu, aliyeketi hapa mbele, alitaka njia iwe ya kijiji, asije siku moja mwenye shamba mwenye roho mbaya akawazungusha watoto kwenye barabara ya malori, na kwa ajili hiyo aligombea udiwani dhidi ya baba mwaka 1961, akashindwa, akagombea tena, akashinda, wakapokezana kiti hicho mpaka wote wawili wakazeeka. Baba aliongoza kamati ya barabara, na mtu pekee aliyewahi kutumbukia na baiskeli yake kwenye shimo la Mtaa wa Kinu alikuwa mwenyekiti mwenyewe.

Kila tarehe hiyo Bi Pruett alikuja kulitikisa lango, akamkuta baba upande wa pili kwenye kiti cha kukunja, wakarushiana maneno kutwa, yeye akimwita kabaila, baba akimwita mchochezi, huku chai ikipita kati ya vyuma kwenda kwake na keki ya zabibu kuja kwa baba.

Desemba 1995 moyo ulimlaza baba hospitalini, nasi kwa wasiwasi tukasahau lango, Bi Pruett akalikuta wazi, siku aliyoingoja zaidi ya miaka thelathini, akalifunga kwa mnyororo wa baiskeli yake, akakaa kwenye kiti cha baba mpaka jioni, akimrudisha kila mtu, hata kasisi.

Baba alipoambiwa alicheka mpaka muuguzi akaja mbio. Mwezi uliopita, alipoona hainuki tena, alituita mimi na Hester, akasema, “Nilimwapia baba yangu kulifunga maadamu niko hai, nami nimelifunga. Huyo mama alikataa kunishinda nikiwa kitandani, basi na anishinde nikiwa ndani ya jeneza.” Alifariki tarehe 28 Novemba 1996, akishikwa mkono na mama.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, madiwani wa vyama vyote, askari wenzake, na majirani mliotulisha wiki nzima. Leo ni tarehe 6 Desemba, na wote mliomsindikiza mmepita njia ile, ambayo tangu leo ni ya kijiji, na ufunguo anao Bi Pruett, ingawa hauna tena cha kufungua, kwani asubuhi Hester na mimi tumeling'oa lango.

Umetunza kiapo chako, baba, nasi tulikupenda sana. Pumzika kwa amani, watoto wa shule wanapita.