Bakuli la Dada Münire

Sogeeni karibu, wanangu, sauti yangu haifiki mlangoni tena. Gülsüm, niinulie mto. Wewe Rüstem kaa hapo miguuni nikuone uso, usijifanye kutazama dirisha. Mimi Nezihe akili zangu ninazo zote, na nitakayoyasema leo sitapata nafasi ya kuyarekebisha, kwa hiyo nisikilizeni mpaka mwisho.

Nyumba hii ni yenu wawili. Kuku na sufuria za shaba ni za Gülsüm, aliyeniuguza miezi yote hii bila kukunja uso. Lakini mcheri wa uani siwezi kuwagawia, kwa sababu nusu yake haijawahi kuwa yangu. Baba yetu aliupanda kwa ajili yangu na dada yangu Münire. Alipokufa mimi nikabaki na nyumba, Münire alikuwa ameolewa ng'ambo ya daraja, tukagombana juu ya nani aliyemuuguza baba zaidi, maneno machafu yakatutoka, tukanuniana. Kwenda kwake kumwomba radhi sikuweza, kiburi kilinishika. Ila cheri zilipoiva niliona njia. Nikachuma mwenyewe zile za kwanza, moja moja na kikonyo chake, bila kukwanyua kile kifundo kidogo kinachozaa mwakani, nikajaza bakuli la shaba la mama yetu, nikakupa wewe Rüstem umpelekee mama yako mkubwa. Nilijua bakuli atalitambua. Na nilijua, kama amenisamehe, litarudi na kitu ndani, maana katika kijiji hiki hata mjane asiye na unga harudishi chombo cha mtu kikiwa kitupu.

Likarudi tupu. Nikakuuliza, "Amesemaje?" Ukanijibu, "Amepokea tu, mama. Hakusema neno." Mwaka uliofuata nikapeleka tena, likarudi tupu. Miaka kumi na mmoja, Rüstem. Kila mwaka nilikusubiri langoni nikatazama ndani ya bakuli kabla ya kukutazama wewe, na kila mwaka nilizidi kumchukia dada yangu. Alipokufa, theluji ikiwa imefika magotini, mlinikuta jikoni nachambua dengu, nikasema siendi kumzika mtu aliyenirudishia bakuli tupu mara kumi na moja. Na kweli sikwenda.

Juzi Melek, binti yake, akaja kunijulia hali. Akasimama chini ya mti, hakuchuma hata moja, akaniambia kupitia dirisha hili: "Mama mdogo, nataka kujua kitu kimoja tu. Mama yangu alikukosea nini hata ukamnyima cheri za baba yake? Mpita njia akiziona tu mnampa, mnasema ni haki ya jicho lake. Mama yangu kila zikiiva alikuwa anakaa barazani anaangalia daraja."

Nikadhani ananidhihaki. Kisha nikakumbuka mwaka ule wa kwanza wewe Rüstem ulivyokuwa unamtaka Şerife awe mkeo, na jinsi mama yake alivyozisifia cheri zangu siku ya posa. Ulizipeleka kwao. Na alichokuwa anakuwekea mama yake bakulini, sijui kokwa za jozi, sijui mkate wa moto, ulikula njiani ukalipangusa bakuli kwa shati. Usifungue mdomo. Mwaka wa kwanza nauita ujinga wa kijana aliyependa. Ile kumi iliyofuata niiteje? Mke ulishampata. Uliona aibu kusema, ukaona afadhali mimi nimchukie dada yangu. Umenisaliti huku unakula mezani kwangu, na hakuna kitu kilichowahi kuniuma hivi, hata kifo cha baba yenu.

Sasa inuka. Panda mti mwenyewe, usimtume mtu. Chuma na vikonyo, kilele waachie ndege. Jaza bakuli lile lile, vuka daraja, mwambie Melek ukweli wote mbele ya watu wa nyumba yake, kisha subiri mlangoni. Nenda.

Gülsüm, mwanangu, nizikeni karibu na Münire, hata ikiwa ni miguuni pake. Watu wake wakikataa, msibishane nao. Mcheri msiukate, na lango la uani msilifunge zikiiva. Bakuli la kwanza ni la Melek kila mwaka, na utalipeleka wewe. Nipe maji. Kidogo tu.

Nimelala? Jua lilikuwa ukutani, sasa liko mkononi mwangu. Nasikia lango. Ni yeye? Usiniambie kitu, Rüstem, wewe umeshaniambia mengi. Gülsüm, lichukue bakuli. Macho yangu hayaoni vizuri. Weka vidole vyangu ndani.

Kitunguu. Kitunguu kimoja... kina udongo bado. Melek amekwenda kuking'oa bustanini.

Halikurudi tupu, basi. Halikurudi tupu... Gülsüm, radhi zangu zote unazo, Mungu akulinde wewe na watoto wako. Rüstem, njoo. Weka kichwa hapa. Usilie, sina nguvu ya kukubembeleza. Uliyonikosea mimi... nimekuhalalishia, yote, na Mungu ni shahidi.

Ya Münire siwezi, mwanangu. Hayo si yangu kuyasamehe. Alikaa barazani... miaka kumi na mmoja... anaangalia daraja.