Shahidi wa Mkwe Wake

Kabla basi la kwenda mji wa Wai halijaacha stendi, Bi Indumati alikuwa ameshaanza kumgawia peremende za maziwa abiria wa pembeni, mama asiyemjua. Nami nyuma yao nilitega sikio.

"Kula, dada! Mahakama imempa mkwe wangu talaka. Mumewe alimtelekeza kwa miaka, na shahidi nilikuwa mimi!"

"Mumewe si mwanao?"

"Wa kuzaa!"

Mama yule aliacha kutafuna. "Loo! Uchungu wa mwana..."

"Aujua mzazi, na ninaujua! Lakini yeye alitoroka bila kuaga. Aliyeniuguza ni huyu mkwe, aliyelala hapo mbele."

"Akiolewa kwingine je?"

"Nitacheza harusini!"

"Utalia."

"Nitalia nikicheza!"

Basi likasimama Wai. Indumati akamwita binti aliyesinzia kiti cha mbele: "Vaishali, mwanangu, tumefika!" Walishuka wameshikana mikono, yule mama akiendelea kumbishia Indumati kupitia dirishani.