Marehemu Alikuwa Akimlisha Nani? Miaka Kumi na Minne ya Bwana Gaudensi Kapinga

Kosa wanalofanya watu wengi baada ya ajali ya gari ni kudhani kwamba ukipokea rambirambi ya mwenye gari umekwisha kulipwa. Sanda, mchele na mbuzi wa matanga ni ubinadamu. Fidia ni kitu kingine: ni haki ya wale waliokuwa wakila kwa jasho la marehemu, nayo hutoka kwenye bima ambayo sheria inamlazimisha kila mwenye gari kuikata. Kwa miaka kumi na minne Bwana Gaudensi Kapinga amelieleza jambo hili kwenye dirisha lake la ofisi yetu ya bima hapa Chikongola, Mtwara. Tarehe 30 Juni 1975 atalieleza kwa mara ya mwisho, kisha atastaafu.

Bwana Kapinga alizaliwa Mbinga mwaka 1920. Alisoma misheni, akafundisha misheni, na mwaka 1961 akaja Mtwara kuwa karani wa madai ya bima. Ofisi wakati huo ilikuwa chumba kimoja chenye taipureta moja na kabati lisilofungika. Ualimu haukumtoka. Kila mdai alisomewa fomu nzima kwa sauti, kisha akatakiwa kuieleza kwa maneno yake mwenyewe. Foleni ikirefuka, Bi Zuhura, mpiga chapa wetu, humwambia, "Mwalimu, hapa si darasani, watu wana njaa." Naye hujibu bila kuinua macho, "Anayetia sahihi asichokielewa atakaa na njaa zaidi."

Kimakonde alijifunza ukubwani. Akina mama wa sokoni humwomba arudie sentensi zake, si kwamba hawakuelewa, bali wanataka kucheka tena.

Kazi yake inaelezeka vizuri kwa dai moja la mwaka 1971. Msimu wa korosho, lori lilimgonga Hassani Nangoma, mkulima wa upande wa Madimba, akisukuma baiskeli yenye mihogo. Alifariki papo hapo, akaacha mke, Halima, na watoto watatu. Siku ya tatu ya matanga mtu wa mwenye lori alileta magunia mawili ya mchele, na karatasi moja. Mzee Rashidi, mjomba wa marehemu, akatia dole gumba. Pale msibani hakuna aliyeshangaa, kwa kuwa kwa mila za huku mjomba ndiye mwenye mtoto na ndiye msemaji wa ukoo. Alidhani anakiri kupokea mchele. Kumbe karatasi ilisema familia haina madai tena.

Halima alipofika kwetu akiwa na mtoto mgongoni, jibu la wakubwa lilikuwa fupi: familia imesamehe, jalada lifungwe. Zilibaki wiki tano tu muda wa kisheria wa kudai uishe.

Baadhi yetu tulimshauri Bwana Kapinga aache. Hakuacha. Alitutuliza, akaeleza: haki ile ni ya mke, watoto na wazazi waliomtegemea marehemu. Mjomba asiyemtegemea hawezi kuitoa, hata akitia madole kumi. Lakini ili karatasi ile ibatilishwe, ilibidi Mzee Rashidi mwenyewe aseme mbele ya hakimu kwamba hakuwa akimtegemea Hassani. Kwake hilo lilikuwa sawa na kuukana ujomba.

Mara mbili Bwana Kapinga alikwenda Madimba, mara mbili akafukuzwa. "Wewe Mngoni," mzee alimwambia mbele za watu, "umetoka milimani kwenu kuja kuniambia mimi si mtu kwa Hassani?" Alilimeza hilo, ingawa yeye ni Mmatengo.

Mara ya tatu alianza upya. "Mzee wangu, sheria haiulizi mtoto ni wa nani. Inauliza Hassani alikuwa akimlisha nani."

"Anilishe mimi?" Mzee Rashidi alisimama. "Mimi ndiye niliyemlisha yeye mpaka akaota ndevu! Hata chumvi yake sijawahi kuomba!"

"Basi maneno hayo hayo, Mzee, njoo uyaseme mjini."

Alikuja amevaa kanzu, akayasema, akaongeza na gharama zote za jando la Hassani. Hakimu aliandika kila kitu. Jalada lilifunguliwa upya zikiwa zimebaki siku nne. Siku Halima alipoitwa kupokea fidia kwa jina lake na la watoto wake, Mzee Rashidi alimsindikiza, lakini alikataa kiti. Alisimama nje ya mlango mpaka mwisho, asije mtu akasema amefuata fedha.

Tangu hapo Bwana Kapinga amezunguka vijijini kutoka Msimbati hadi Kitaya, akiwafundisha wenyeviti swali lile moja. Wapo wanaokataa, wakisema fidia ni kuuza damu ya marehemu. Yeye hawagombezi. "Damu haina bei," huwaambia. "Unga unayo."

Hakushinda yote. Dai la Rozalia wa Ufukoni, mjane wa kuli wa bandarini, lilichelewa siku tisa, na halikulipwa. Bwana Kapinga hapendi litajwe. Tumelitaja kwa ruhusa yake, kwa sababu alisema huenda likamwahisha mwingine.

Sasa anarudi Mbinga na mkewe, Mama Helena, kwenye mibuni yao. Mwalimu, ahsante kwa subira yako, na kwa ukaidi wako pia. Siha iwe nawe, kahawa izae, na wajukuu wakusikilize kuliko foleni yetu ilivyokusikiliza.

Nawe unayesoma: leo ukifika nyumbani, andika majina ya wote unaowalisha, tia sahihi, umkabidhi mwenzio karatasi hiyo aitunze.