Nazi Iliyoanikwa Usenge

Feri haikuwa imefika katikati ya ziwa, na tayari yule dada mwenye ndoo ya chokoleti alikuwa amepandisha sauti.

"Mama, toa hilo gunia la omena hapa! Chokoleti zangu zimeanza kunuka samaki, na bibi harusi anazingoja Mbita."

"Gunia nimelifunga, ndoo umeifunika," mama wa omena akamjibu. "Hiyo harufu imepandia wapi? Imelipa nauli?"

Celestine, aliyeketi katikati yao, alijikunyata akatazama maji. Alishukuru kwamba hakuna aliyemuuliza kitu.

"Nimezitengeneza kwa mikono yangu," dada akasema kwa uchungu. "Ndani kuna njugu za kukaanga, juu nimezigaragaza kwenye nazi."

"Na hiyo nazi uliianika wapi?"

"Nyumbani Usenge. Juu ya wavu."

"Wavu gani?"

Dada alikaza kifuniko cha ndoo. "Tuliuosha kwa sabuni."

"Wavu wa kuanikia omena!" Mama alipiga makofi, abiria wakageuka. "Halafu unanitukana mbele ya watu!"

"Nimesema tuliuosha! Kinachonuka ni gunia lako!" Dada alifunua ndoo, akatoa chokoleti moja ya duara na kumtilia Celestine mkononi. "Onja, msichana. Sema ukweli."

"Ndiyo, aseme," mama akadakia.

Celestine aliitia yote mdomoni. Wanawake wote wawili walimwinamia, wakingoja. Alitafuna polepole kuliko alivyowahi kutafuna kitu chochote, macho chini, mpaka feri ikagonga gati.