Bwawa la Haskett Lililojazwa kwa Zawadi

Mgeni rasmi, Mheshimiwa Seneta Corliss Lundgren. Mheshimiwa Meya Ofelia Trujillo. Wazima moto wa kujitolea mliotujazia maji tangu alfajiri. Na ninyi wazazi mnaowashikilia watoto mashati wasiruke kabla ya hotuba:

Sisi wakazi wa Haskett, hapa nyanda za mashariki za Colorado, leo tuna furaha isiyo na breki. Risala hii imeandikwa na kamati ya kina mama wa bwawa, na inasomwa na Bwana Wendell Ostrander. Ameapa hataruka mstari hata mmoja, hasa ile inayomhusu mwenyewe. Karibu sana, Mheshimiwa. Hiyo kofia mpe Meya akushikie, maana upepo wa huku hauna adabu.

HISTORIA FUPI, NA NI FUPI KWELI

Bwawa hili lilipasuka sakafu, likafungwa, likaota magugu, mpaka sungura wakahamia upande wa kina kirefu. Mji haukuwa na uwezo. Kisha wakaja mafundi wa kusimamisha mitambo ya umeme wa upepo, kundi kwa kundi, na njaa zao. Walimaliza burito, zile chapati za kukunjia nyama na maharage, zenye mchuzi wa pilipili ya kijani, wakamaliza buti dukani, wakamaliza hata kadi za siku ya kuzaliwa. Kodi ya mauzo ikafurika kwenye hazina ya mji. Tukashikana mikono: bwawa hilo!

Hapo katiba ya jimbo ikapiga hodi. Wewe unaijua, Mheshimiwa, lakini watoto nao wasikie. Serikali, iwe ya jimbo au ya mji mdogo kama wetu, imewekewa kikomo cha fedha za kukusanya na kutumia kila mwaka. Kikomo kinapanda kadiri bei zinavyopanda na mji unavyokua, basi. Kinachozidi kinarudi kwa wananchi, isipokuwa wananchi wenyewe wapige kura kusema, "Kaeni nazo."

Tukapiga kura. Swali, kama mji ubaki na ziada utengeneze bwawa, liliandikwa kwa herufi kubwa tupu, kama yanavyoandikwa huku maswali ya kodi. Sasa, mtu wa Haskett akiona herufi kubwa kwenye karatasi ya kura, hasomi zaidi. Anajua anatozwa kodi mpya, anaweka Hapana, anakwenda kula. Safari hii haikuwa kodi mpya hata kidogo. Hapana ikashinda vilevile.

KUHUSU MZEE WENDELL

Kiongozi wa Hapana alikuwa huyu huyu msomaji wenu. (Soma, Wendell.) Yeye herufi zote alizisoma, na bado alikataa. Amefanya kazi kwenye maghala ya ngano maisha yake yote, na kikomo hiki anakipenda kuliko watu wengine wanavyopenda farasi zao. Alisimama mkutanoni, kofia mkononi.

"Jamani, mimi sina ugomvi na bwawa," alisema. "Ila serikali ikishazoea kujikatia minofu, kesho mimi nitabaki na mfupa. Hela ni yangu. Anayeitaka aje aniombe."

"Si ndiyo tunakuomba kwa kura, mzee wangu?" Meya akamuuliza.

"Kura si kuomba. Kura ni kunizidi wingi."

Lakini nyumbani kwake yupo Junie, mkewe, aliyewekewa nyonga ya bandia. Daktari alimwambia dawa yake ni kutembea ndani ya maji. Bwawa la karibu liko mbali, na macho ya Wendell hayaiwezi tena barabara kuu. Basi Junie akawa anatembea kutoka kitandani hadi dirishani, na kutoka dirishani hadi kitandani. Wendell alikuwa amebanwa kati ya mambo mawili anayoyapenda, na yalimuumiza yote. Tulimkuta nyuma ya kanisa akifuta macho, akasingizia vumbi. (Hiyo nayo soma.)

MAFANIKIO

Ziada ikarudishwa, kila kaya na hundi yake. Asubuhi hiyo tulijazana mkahawani kwa Dot, tukipungiana hundi na kuchekana. Mara Junie akaingia na fimbo yake.

"Wendell Ostrander," alisema. "Ulisema anayeitaka hela yako aje akuombe."

"Nilisema."

"Haya, nimekuja. Nakuomba."

"Junie mpenzi, si tungeongea nyumbani?"

"Hapa hapa, mbele za watu. Nataka kutembea, Wendell. Toa hiyo hundi watengeneze bwawa."

Mzee akageuka kumtafuta Bi Renata Quick, mwanasheria wa mji, aliyekuwa anapambana na pai. "Nikiwapa, si watapita kikomo tena? Si watanirudishia tena?"

"Zawadi haihesabiwi," Renata akajibu, mdomo umejaa. "Katiba yenyewe imeitoa nje. Ukitoa kwa hiari yako, mji unapokea tu."

"Kwa hiyo ni hela zile zile?"

"Zile zile."

"Zimetoka mlango wa mbele, zinarudi kwa mlango wa jikoni?"

"Ndiyo. Ila safari hii umeombwa."

Wendell alicheka mpaka akashika meza. Akasaini, akamkabidhi mkewe, kisha akapanda juu ya kiti, na umri wake ule. "Haya, Hapana wenzangu! Mnangoja nini? Tumeombwa!"

Waliopiga Hapana walitoa zaidi kuliko waliopiga Ndiyo, na wakaringa sana. Mmoja alileta ndama. Bibi mmoja alitoa senti za kwenye chupa akaona haya, tukamwambia kutoa ni moyo, usambe ni utajiri. Sungura walihamishwa kwa heshima zote.

CHANGAMOTO

Tunayo moja tu, nayo umekuja nayo wewe, Mheshimiwa. Tunaiona ile hundi pana kama mlango ambayo wasaidizi wako wameiegemeza kwenye ukuta wa vyoo. Tumeisoma: fedha za jimbo, kwa ajili ya bwawa. Mungu akuzidishie. Lakini hiyo si zawadi, hiyo inahesabiwa. Tukiipokea tutavuka kikomo, turudishiane, tujazane tena kwa Dot, na Junie aanze kuomba upya. Dot amesema pai za siku ile hawezi kuzioka mara mbili.

MAOMBI

Kwanza, tafadhali sana, rudi nayo. Tunajua hujawahi kuombwa hivyo.

Pili, ukijisikia kutoa, toa mfukoni mwako. Ndoo ya zawadi iko kwa Renata.

Tatu, tunaomba hotuba yako iwe fupi. Junie amekaa kwenye ngazi za bwawa tangu asubuhi, miguu tu ndiyo imelowa. Tumemsihi ashuke, amekataa. Anaogopa, Mheshimiwa, ingawa hatasema. Alichosema ni hiki: "Hela nilimwomba, akanipa. Sasa namwomba mkono."

Kwa hiyo baraka zitasomwa na Meya, kwa sababu hapa Wendell anaweka karatasi chini, anavua buti, anakwenda.

Mungu akujalie safari njema, Mheshimiwa, akujalie na upepo wa mgongoni. Awape nguvu wote wanaojifunza kutembea upya, na wanaowashika mkono.

Ni sisi,
Wakazi wa Haskett,
tuliopiga Ndiyo na tuliopiga Hapana.