Joka Litangoja: Miaka Thelathini na Miwili ya Bwana Lowell Tesker

Jumamosi, tarehe 31 Mei 2025, Bwana Lowell Tesker atakabidhi funguo za Maktaba ya Pell Marsh, Wisconsin, baada ya kuitumikia miaka thelathini na miwili. Wengi wanamjua kama mtu wa dawati la kuazima vitabu. Sisi tunaocheza mchezo wa hadithi kila Jumamosi katika chumba cha chini tunamjua kama msimulizi. Bi. Marit Oyen, mkuu wa sehemu ya watoto, ameniomba niandike kwa niaba ya meza yetu kwa sababu, alisema, mimi huandika zaidi ya ninavyozungumza.

Kwa ambao hawajawahi kushuka huko: msimulizi hueleza dunia ya kubuni, kila mchezaji humwongoza mhusika wake, na dadu ya pande ishirini huamua kama alichojaribu kimefaulu. Wahusika huanza ngazi ya kwanza, wakiwa dhaifu, na baada ya miaka hufika ngazi ya ishirini, wakiwa na uwezo wa kuhamisha milima. Kazi ngumu ya msimulizi ni kupima: mkasa anaowaletea wachezaji usiwe mzito hadi uwavunje, wala mwepesi hadi wapige miayo.

Bwana Tesker hakuzaliwa na kipimo hicho, na yeye mwenyewe ametaka kosa lake liandikwe hapa. Majira ya baridi ya 1994, watoto sita walimsihi awaletee joka. Alikuwa na kitabu cha mkasa uliotungwa kwa wahusika wa ngazi ya kumi. Wao walikuwa wa ngazi ya kwanza. Aliuona huo ni ukarimu. Joka likapumua mara moja, na wahusika wote sita wakawa majivu kabla soda hazijafunguliwa. Msichana mmoja wa miaka kumi na moja alikuwa ametumia wiki tatu kuchora kijiji cha mhusika wake, akawapa hata mbuzi majina. Aliikunja karatasi yake mara nne, akavaa buti, akaondoka.

Kesho yake Bwana Tesker alikwenda kwao kwa miguu kwenye theluji kuomba radhi. Alitarajia kuambiwa kwamba joka lilikuwa na nguvu mno.

"Hukunipa hata nafasi ya kuogopa," alisema yule msichana.

Msichana huyo ni Bi. Marit. Alirudi mezani baada ya mwaka mzima, akakuta kijiji chake bado kipo na mbuzi wote wana majina yao.

Tangu hapo Bwana Tesker akawa mtu wa kupima. Maktaba ilipotaka kutupa kabati la zamani la kadi za orodha ya vitabu, alilishusha chini akalijaza mikasa aliyoiandika kwenye kadi. Droo ya kwanza ina panya ghalani, kisima kilichokauka, mbuzi aliyepotea: hatari isiyovuka mipaka ya kijiji, ili mchezaji ajue anampigania nani. Ya pili ina barabara na miji. Joka limo kwenye droo ya tatu. Tulipolililia alijibu kwamba litangoja. Tulimtania kuwa kwa kungoja huko limeshang'oka meno. Akasema basi litatutafuna kwa fizi.

Droo ya mwisho ina kadi chache, kwa kuwa mwenye nguvu zote ni vigumu kumpatia mzigo. Mwaka juzi wahusika wetu walifika ngazi ya kumi na nane, nasi tukasubiri vita vya miungu. Alituletea mzee mvushaji wa mtoni aliyefiwa na mkewe. Mhusika wetu mmoja aliweza kufufua wafu, lakini si aliyekufa kwa kutimiza siku zake. Tuligeuza karatasi zetu, tukapekua kila uwezo tulionao. Mwishowe tuliketi tu na yule mzee kando ya mto hadi Jumamosi ile ikaisha. Bi. Ardith, mke wa Bwana Tesker, alikuwa amezikwa mwezi mmoja kabla.

Januari hii, alipotangaza kustaafu, bodi ya maktaba ilisema kwamba chumba kitapewa kundi lingine ikiwa meza haitapata msimulizi kufikia Juni. Tulitazamana, kila mmoja akamtaja mwenzake. Kiti cha msimulizi kilikuwa chake. Bwana Tesker hakumsukuma mtu. Aliendelea kupitisha bakuli la vipande vya jibini.

Aprili, Corliss Budde, mwenye miaka kumi na sita na sauti ambayo lazima uinamie ili uisikie, alifungua kabati kutafuta mkasa. Nyuma ya droo ya kwanza alikuta kadi zenye majina yetu. Yake ilisema: ngazi ya kwanza, msaga unga; ya pili, vibwengo watatu; ya tatu, mji wa soko; ya nne, kiti.

Ndipo tulipokumbuka. Miaka miwili nyuma Bwana Tesker alimwomba Corliss amsemee msaga unga wakati yeye akitafuta miwani, nasi tukapiga kelele kuwa miwani iko kichwani pake. Baadaye akamwachia vibwengo akaenda kuchukua kahawa. Vuli iliyopita akamwachia mji mzima kwa kisingizio cha kukaukiwa na sauti. Corliss alidhani anamsaidia mzee. Kadi yangu imefikia vibwengo tu.

Jumamosi iliyofuata Corliss aliwahi kufika, akakaa kwenye kile kiti. Bwana Tesker aliingia na kahawa yake, akamwona, akasimama kidogo. Kisha akavuta kiti cha plastiki upande wetu, akaomba karatasi mpya ya mhusika, akaandika jina na ngazi ya kwanza.

"Kijiji chetu kinaitwaje?" aliuliza.

Corliss alikitaja. Tulimsikia sote bila kuinama. Kisha akasema kuna kitu kinagonga ndani ya kisima. Mhusika wa Bwana Tesker alichungulia, dadu ikaonyesha moja, namba mbaya kuliko zote, akatumbukia. Corliss alimwuliza kwa upole kama alikuwa na kamba.

Hakuwa nayo. Tulimtoa.

Asante, Bwana Tesker, kwa kila hofu uliyotupimia. Tunakuombea afya, usingizi wa asubuhi na siku zisizo na haraka. Chumba ni chetu bado, na kiti cha plastiki ni chako. Droo ya tatu Corliss hajaifungua, kwa hiyo usimsumbue: joka litangoja.